Ushauri: tumemaliza msimu wa 2 wa Pretty Little Liars, tuendelee au tuache?

Dada Mkubwa: Habari zenu wakuu. Mimi na mdogo wangu tunaangalia Pretty Little Liars, ile tamthilia ya wasichana wanne wa Rosewood ambao rafiki yao Alison alipotea usiku, kisha wakaanza kutumiwa meseji za vitisho na mtu anayejiita A. Tumemaliza msimu wa 2, Mona ameshaumbuka kuwa ndiye A, nikajua tumefika. Kumbe misimu ni 7! Sehemu 160, na sisi tumeona 47 tu.

Mdogo wangu anataka turukie sehemu ya mwisho kabisa. Mimi kinachonichosha ni kimoja: hawa watoto kwa nini hawaendi polisi, au hata kuwaambia wazazi? Wanatishwa, wananyamaza, wanatishwa tena. Naombeni ushauri, ila msituharibie uhondo.

Jogoo wa Usiku: Acheni. Zimebaki sehemu 113, kila moja kama dakika 40 na kitu. Hizo ni karibu saa 80 za kuangalia watu wakisoma meseji kwa mshtuko.

Bi Mpenda Tamthilia: Mdogo wangu, huyo Jogoo usimsikilize, mwenyewe aliimaliza.

Polisi gani unaowataka? Yule mpelelezi Wilden? Kumbuka sehemu ya kwanza kabisa: Hanna, mmoja wa wale wanne, kakamatwa kwa wizi wa miwani, mama yake kaimaliza kesi kwa kulala na huyo huyo mpelelezi. Baadaye mama huyo huyo anachukua pesa za mteja benki na kuzificha kwenye boksi la lasanya. Hanna akifungua mdomo, anamfunga mama yake. Aria, mwenzake, naye alimfuma baba yake na mwanamke mwingine, akaambiwa anyamaze, akanyamaza. Na wote wanne wanajua yule msichana Jenna alipofukaje macho na nani alibeba lawama. A hana nguvu yoyote ya ajabu. Anachofanya ni kuokota uongo ambao wazazi wameuacha sebuleni.

Kwa hiyo ushauri wangu: acheni kuiangalia kama hadithi ya upelelezi. Kama ni upelelezi mtaudhika, maana kuna vidokezo vinatupwa na havirudiwi tena. Angalieni nyumba mbili, ya Hastings (kwao Spencer, mmoja wa wale wanne) na ya DiLaurentis (kwao Alison). Mmeshaona msimu wa 2 kwamba Jason, kaka yake Alison, ni mtoto wa baba yake Spencer. Mkadhani hilo ndilo lote? Kila mzazi wa nyumba hizo akisema "haya hayakuhusu", shikeni kalamu.

Mzee wa Rimoti: Naunga mkono, ila na mipaka. Msimu wa 3 na wa 4 ni mzuri. Mwisho wa msimu wa 4 mnasimuliwa kwa kirefu usiku ule Alison alipopotea, na hapo mtu anaweza kuzima televisheni akalala. Msimu wa 5 unajikokota, nasema kweli. Wa 6 una jibu kubwa katikati, halafu hadithi inaruka miaka 5 mbele na wasichana wanakuwa watu wazima.

Dada Mkubwa: Na kurukia mwisho?

Mzee wa Rimoti: Hamtaelewa kitu. Sehemu ya mwisho, iliyoonyeshwa Juni 2017, inajibu swali ambalo nyinyi bado hamjaulizwa. Mtauliza "huyu ni nani?" mpaka majina yapite.

Jogoo wa Usiku: Na hata aliyeangalia zote aliuliza hivyo hivyo.

Bi Mpenda Tamthilia: 😂 Hapo sibishi. Na huyo mdogo wako asidhani atapata jibu kwenye vitabu vya Sara Shepard. Tamthilia ilichepuka mapema, majibu si yale yale.

Dada Mkubwa: Asanteni wakuu. Tunakwenda hadi mwisho wa msimu wa 4, baada ya hapo tutapiga kura. Kura ni mbili na rimoti ninayo mimi. Swali la mwisho: kuna nyingine inaitwa Ravenswood, Caleb mpenzi wa Hanna yumo. Nayo ni lazima?

Mzee wa Rimoti: Ina sehemu 10, ikafutwa baada ya msimu mmoja. Ni ya mizimu. Ruka.

Jogoo wa Usiku: Ruka.

Bi Mpenda Tamthilia: Leo tumekubaliana wote watatu. Ruka.