Gumzo la Jamaa wa Northampton: jioni ya Judi Dench

Shangazi Zainabu, 18:10
Assalamu alaykum jamaa zangu. Kama tulivyokubaliana, jioni yetu ya filamu ya mwezi huu ni ya Dame Judi Dench, mwigizaji wa Uingereza aliyezaliwa York tarehe 9 Desemba 1934. Naomba kila mmoja ataje kazi yake moja, maana nisipopata majibu leo nitachagua mwenyewe na sitaki manung'uniko.

Shangazi Zainabu, 20:45
Naona mmesoma na mmenyamaza.

Idrisa, 20:52
Napendekeza GoldenEye ya mwaka 1995, anapoanza kuwa M, mkuu wa James Bond. Jinsi anavyomkazia macho na kumwambia kuwa amepitwa na wakati, nilidhani ni Shangazi anadai michango.

Salma, 20:54
Bond angekuwa chini ya Shangazi, asingethubutu kuharibu magari yote yale ya serikali.

Shangazi Zainabu, 20:59
Nimecheka, lakini mzaha si jibu. Idrisa, hapo bibi wa watu alikuwa na miaka 60, na jukwaani alikwisha kaa karibu miaka 40: mwaka 1957 alianza kule Liverpool na kampuni ya maigizo ya Old Vic, akiwa Ophelia katika Hamlet ya Shakespeare, na mwaka 1968 akaimba London katika mchezo wa nyimbo wa Cabaret akiwa Sally Bowles. Unaingia hadithini wakati wenzio wamefika katikati.

Salma, 21:03
Basi tuchague Shakespeare in Love, iliyompa Oscar mwaka 1999. Anaonekana kama dakika nane tu akiwa Malkia Elizabeth wa Kwanza, nami kwa kuwa nina zamu ya usiku, dakika nane zinanitosha.

Ami Hemedi, 22:31
Samahani kwa kuchelewa. Kabla ya kuchagua lolote, ningependa kujua mchango wa safari hii utashikwa na nani, yasije yakatokea tena yale ya Stratford.

Shangazi Zainabu, 22:33
Hemedi mdogo wangu, ya Stratford niliyaeleza mbele ya Baba yakaisha.

Ami Hemedi, 22:34
Uliyaeleza, dada, lakini pesa hazikurudi.

Idrisa, 22:40
Dame Judi alikatika kano ya kisigino kwenye mazoezi ya mchezo wa nyimbo wa Cats mwaka 1981, nafasi ikaenda kwa Elaine Paige, lakini Dame Judi akapona akaendelea na kazi. Huenda na pesa za Stratford zitapona.

Babu, 07:05
Wanangu, nimesoma yote baada ya sala ya Alfajiri. Mwaka 1987 nilimwona National Theatre akiwa Cleopatra, na Anthony Hopkins akiwa Antony, na tangu siku ile sijaona haja ya kumpima mwanamke huyu kwa tuzo za filamu. Mtazameni katika Macbeth ya Shakespeare iliyoongozwa na Trevor Nunn, aliyocheza akiwa Lady Macbeth pamoja na Ian McKellen mwaka 1976 katika ukumbi mdogo wa The Other Place, kisha ikarekodiwa kwa ajili ya televisheni. Jukwaa halina mapambo, naye amevaa nguo nyeusi na kitambaa cheusi kichwani; anapotembea usingizini anatoa mguno unaoanza chini, kama wa mtu aliyebanwa pumzi, ukapanda mpaka ukawa kilio chembamba. Mamlaka mliyoyaona kwa M yalitoka huko. Macbeth itatangulia. Na jambo la Stratford ni langu sasa. Mwenye neno aje aniambie mimi, ana kwa ana.

Shangazi Zainabu, 07:12
Tumesikia, Baba.

Ami Hemedi, 07:40
Nimesikia, Baba.

Salma, 09:26
Shikamoo Babu. Ndiyo kwanza natoka kazini. Ya pili naomba iwe Belfast ya mwaka 2021, iliyomfanya ateuliwe kuwania Oscar akiwa na miaka 87, wakati macho yamekwisha dhoofika kiasi kwamba maneno yake anasomewa na watu mpaka ayashike.

Idrisa, 09:31
Na GoldenEye je?

Babu, 09:50
Marahaba, Salma.

Shangazi Zainabu, 09:58
Ya pili tutaipigia kura, na wale walionyamaza tangu jana nao wapige. Hemedi, televisheni kubwa ni ya kwako; Jumamosi tunakuja saa kumi?

Ami Hemedi, 13:17
Televisheni ipo. Kuhusu nyumba, ngoja kwanza nikaonane na Baba.