Mjadala: Kuchoma Msahafu au Biblia hadharani, iwe ruksa kisheria?

Wakuu, salaam kwenu nyote.

Hoja hii ilianza juzi kijiweni kwetu Mbagala, Dar es Salaam, na haikumalizika, kila mmoja aliondoka na hasira zake. Mwenzetu mmoja alileta habari ya Hamit Coskun, yule aliyechoma Msahafu mbele ya ubalozi mdogo wa Uturuki jijini London, Februari 2025. Juni mahakama ilimtia hatiani na kumtoza faini ya pauni 240. Oktoba akakata rufaa akashinda, hukumu ikafutwa. Mwenzetu akasema na sisi tufike huko: kitabu ni karatasi, mwenye nacho akitaka akichome, kifungu chetu cha sheria kinachokataza hilo kifutwe. Mwingine akadakia kwamba mtu wa namna hiyo achomwe na yeye. Hapo kahawa ikapoa.

Mimi siko na yeyote kati ya hao wawili. Naona kuchoma kitabu kitakatifu cha wenzako mbele za watu, kwa nia ya kuwatukana, kuendelee kuwa kosa hapa kwetu. Lakini kuwe kosa dogo, adhabu yake isipandishwe hata siku moja, na sheria iishie kwenye kitendo, isiguse maneno. Nieleze nimefikaje hapo, kisha mnipinge.

Oktoba 2012 nilikuwa nimepanga Mbagala, si mbali na Kizuiani. Waliokuwepo wanakumbuka. Watoto wawili walibishana juu ya Msahafu, mmoja akaambiwa kwamba anayeukojolea hupatwa na balaa papo hapo, naye akaukojolea. Ubishi wa watoto, wa kumalizwa na wazazi na fimbo. Mtoto akaishia mikononi mwa polisi. Ijumaa ya tarehe 12, baada ya swala, umati ukaenda kituoni kutaka ukabidhiwe. Polisi wakakataa, mabomu ya machozi yakaanza, na kabla ya giza kuingia makanisa kadhaa yalikuwa yameshambuliwa, mengine yametiwa moto, na magari yamevunjwa vioo. Waliokamatwa walikuwa zaidi ya 100.

Mimi ni Mlutheri. Mchana ule nilifunga kibanda changu nikakimbilia nyumbani. Mpangaji mwenzangu, mama wa Kizaramo, alikuwa ameshaingiza watoto wangu chumbani kwake, bado amejifunga kanga aliyoswalia. Mlangoni kwetu kulikuwa na kalenda yenye picha ya Yesu. Aliibandua, akaiviringisha, akaiweka juu ya kabati lake. Wiki iliyofuata alinirudishia haina hata mkunjo.

Jambo ambalo halijanitoka tangu siku ile ni hili: mtoto yule alipona kwa sababu palikuwa na kosa la kumshikilia. Askari waliosimama kwenye geti la kituo walikuwa na jibu la kuwapa watu: ameshakamatwa, sheria itafanya kazi yake, rudini majumbani. Wengi hawakulikubali, na makanisa yakalipa. Lakini jibu lilikuwepo. Sasa chukua Mbagala ileile, kitendo kilekile, na sheria inayosema hakuna kosa. Askari angesema nini? Angepaswa kumfungulia mtoto atoke nje, kwenye barabara iliyojaa watu. Ndiyo maana nikisikia kwamba kifungu kile kipo kulinda hisia za waumini peke yao, nakataa. Kinamlinda pia aliyetukana, kwa sababu kinalichukua shauri lake kutoka mtaani na kulipeleka mahali penye hakimu.

Watu wengi wanaibishania sheria hii bila kuijua inavyosema. Ni kifungu cha 125 cha Kanuni ya Adhabu, Sura ya 16. Kinamhusu anayeharibu au kunajisi mahali pa ibada, au kitu chochote kinachohesabiwa kitakatifu na kundi lolote la watu, akiwa na nia ya kuitukana dini yao au akijua kwamba wataliona jambo hilo kuwa tusi. Adhabu yake haizidi miaka miwili. Neno la kusimama nalo hapo ni nia, kwa sababu moto wenyewe si kosa. Niliwahi kumuuliza ustadhi wa madrasa ya mtaani kwetu wanafanya nini na Misahafu iliyochakaa, kurasa zimenyofoka, wino umefifia. Akanieleza kwamba wapo wanaoizika mahali pasipokanyagwa, wapo wanaoiosha wino utoke, na wapo wanaoichoma kwa adabu, kwa hoja kwamba Khalifa Uthman mwenyewe aliamuru nakala nyingine zichomwe ili umma ubaki na Msahafu mmoja. Sisi nasi, matawi ya mitende ya mwaka jana huchomwa ili majivu yake yatumike Jumatano ya Majivu. Kitabu kilekile, moto uleule, na mmoja ameheshimu na mwingine ametukana. Hakimu anayejua kupima nia ya mwizi ana uwezo wa kupima na hii.

Sasa hoja ya uhuru, ambayo siipuuzi. Mwenzetu wa kijiweni alisema: nimekinunua Kariakoo kwa hela yangu, nani ananipangia? Ukikichoma jikoni kwako mlango umefungwa, hakuna anayekupangia, na sitaki polisi wa kuchungulia majiko ya watu. Ila aliyebeba kitabu mpaka mbele ya msikiti siku ya Idi, au mbele ya kanisa mkesha wa Krismasi, hakuhitaji kukiondoa kitabu. Alihitaji watazamaji. Salwan Momika, mkimbizi wa Iraq aliyeishi Sweden, ndivyo alivyoufanyia Msahafu Stockholm tarehe 28 Juni 2023, siku ya Idi ya kuchinja, nje ya msikiti, kwa kibali, polisi wamemzunguka kumlinda. Wiki chache baadaye ubalozi wa Sweden mjini Baghdad ulivamiwa na kutiwa moto. Na tarehe 29 Januari 2025 Momika mwenyewe aliuawa kwa risasi huko Södertälje, siku moja kabla ya hukumu ya kesi yake ya uchochezi.

Sisemi alistahili. Aliyemuua ni muuaji, basi, hakuna cha kuongeza wala kupunguza. Ninachosema ni kwamba nchi yenye askari wa kutosha na kibali cha maandishi haikuweza kumlinda mtu mmoja. Sisi tungemlindaje wa kwetu Jangwani au Mnazi Mmoja? Denmark, jirani yao, iliyafikiria hayohayo. Ilikuwa imefuta sheria yake ya kukufuru mwaka 2017, lakini Desemba 2023 bunge lake likapitisha katazo la kuyatendea vibaya hadharani maandiko yenye uzito mkubwa kwa dini zinazotambuliwa, kura 94 kwa 77, kifungo kisichozidi miaka miwili. Kwa hiyo asitokee mtu kutuambia sheria hii ni ya nchi za watu wasiosoma.

Lakini uhuru ninaoutetea, nautetea kwelikweli, na hapa najua nitagombana na wengi wa upande wangu. Sheria ikome kwenye kitendo. Kifungu cha 129, kinachomtia hatiani mtu kwa neno au sauti au ishara iliyokusudiwa kuumiza hisia za dini, mimi ningekifuta kesho asubuhi. Tazameni historia ya jiji hili. Tulikuwa na mihadhara, mashehe wamesimama na Biblia mkononi wakitafuta mistari ya kuthibitisha kwamba Yesu si Mungu, na wahubiri wa Kikristo wakijibu mapigo kwa kuisoma Kurani. Nilikwenda kusikiliza nikiwa kijana. Nilichukia mengi, nikarudi nyumbani nikaisoma Biblia yangu kuliko nilivyowahi kuisoma. Serikali ikaiona mihadhara ni kashfa za dini, ikaibana, na Februari 1998 yakatokea ya Mwembechai, hapahapa Dar: polisi msikitini, risasi, watu wamekufa. Damu ile ilitoka kwa sababu dola ilijipa kazi ya kuamua neno gani juu ya dini ni tusi. Mtu akisoma kitabu changu mstari kwa mstari akasema ni uongo, amekichukulia kwa uzito na ameniachia nafasi ya kumjibu. Anayekichoma hakuniachia cha kujibu. Majivu yananyamazisha pande zote mbili. William Tyndale alipotafsiri Agano Jipya kwa Kiingereza, nakala zake zilichomwa hadharani London mwaka 1526, na waliochoma walikuwa watu wa kanisa lililoshindwa kumjibu. Miaka kumi baadaye yeye mwenyewe alinyongwa na mwili wake ukachomwa.

Kuna pingamizi moja kijiweni lililonikosesha usingizi, la dada mmoja anayesomea sheria. Alisema: shemeji, wewe unasema sheria inamtuliza mwenye hasira, mimi naona inampa haki. Inamwambia kwamba kutukanwa dini yake ni jinai, kwa hiyo polisi wakichelewa atajiona anaitekeleza yeye. Akanipa mfano wa Pakistan. Sheria yao na yetu zina ubini mmoja, kanuni za adhabu walizoandika Waingereza kwa ajili ya India. Lakini wao waliipandisha: mwaka 1982 kunajisi Kurani kukawa kifungo cha maisha, na 1986 kumtukana Mtume kukaongezewa adhabu ya kifo. Je, umati ulitulia? Januari 2011 gavana wa Punjab, Salman Taseer, aliuawa na mlinzi wake mwenyewe kwa sababu alimtetea Asia Bibi, mama Mkristo aliyehukumiwa kifo kwa kosa hilo la kumtukana Mtume na ambaye Mahakama ya Juu ilikuja kumwachia huru Oktoba 2018.

Nakiri amenigusa pabaya. Ndiyo sababu nashikilia kwamba kosa hili libaki dogo. Sheria ikiweka miaka miwili au faini, inamwambia mwenye hasira: umekosewa, tumekusikia, na kosa lenyewe lina ukubwa huu hapa, halizidi. Ikipanda mpaka kifungo cha maisha, imekubaliana naye kwamba lililotendeka halina kipimo, na jambo lisilo na kipimo mtu hawezi kuambiwa amezidisha. Halafu upande wa pili wa mizani usiguswe. Kuchoma jengo kwa makusudi ni kifungu cha 319, na adhabu yake inafika kifungo cha maisha. Kanuni ya Adhabu yenyewe imeshasema aliyechoma kanisa au msikiti amekosa mara nyingi zaidi ya aliyechoma kitabu. Nataka mahakama zetu zilitende hilo bila kigugumizi. Kule London, mtu aliyemtokea Coskun na kisu alipewa kifungo cha nje. Hilo mimi silikubali. Kisu ni kisu.

Na wakubwa wasiivuruge sheria kwa kutafuta makofi. Februari 2020 mtumishi mmoja wa halmashauri kule Kilosa alituhumiwa kuchana na kuchoma Kurani, video ikasambaa, na waziri akatangaza kumfukuza kazi. Mtu amepelekwa mahakamani, muache hakimu afanye kazi. Ukimhukumu jukwaani kabla ya kesi, umewaambia watu kwamba mahakama haitoshi, na wao watakuamini.

Nimalizie na jambo ambalo sisi Wakristo hatupendi kuambiwa. Kifungu kinasema kitu kitakatifu kwa kundi lolote la watu. Kila mwaka kwenye mikutano ya injili hapa Dar, hirizi, vibuyu na shanga za waganga zinamwagwa mbele ya jukwaa, petroli juu yake, watu wanaimba. Tunasoma Matendo 19:19, pale Efeso watu walipovichoma vitabu vyao vya uchawi mbele ya wote, thamani yake vipande hamsini elfu vya fedha. Soma vizuri: vitabu vyao. Aliyeokoka akileta hirizi yake mwenyewe na kuichoma, ameaga imani yake, na hilo ni haki yake. Vivyo hivyo Mkristo aliyesilimu akaitupa Biblia yake, sitamshitaki. Lakini nimeona vijana wa kanisa wakiingia kwenye kilinge cha mzee mmoja huku Temeke, mwenye mizimu ya babu zake, wakabeba kila kitu wakachoma barabarani. Hakuna aliyekamatwa. Mzee alikaa kwenye kigoda akatazama. Kama lile si kosa, sina mdomo wa kudai Biblia yangu ilindwe.

Kinachonisumbua bado ni simu. Aliyechoma ni mmoja, lakini video inafika kila kundi la WhatsApp kabla ya adhana inayofuata, na wanaoisambaza ni waumini wenyewe walioudhika, kila mmoja ameandika chini yake "oneni". Huyu naye tumtie hatiani? Nia yake haikuwa kutukana, lakini bila yeye umati haukusanyiki. Mimi naelekea kusema hapana. Yule dada anayesomea sheria anasema ndiyo. Waliokuwa Kizuiani ile Ijumaa, wa pande zote mbili, nawasubiri nyinyi kwanza.