Naomba ushauri: "neuter" ya Kilatini tuiiteje kwa Kiswahili?

Habari zenu, wakuu. Nafundisha Kijerumani na ninaandaa maelezo ya sarufi kwa Kiswahili. Kila nomino ya Kijerumani ina jinsi ya kisarufi, inayoonyeshwa na neno dogo linaloitangulia: der ni jinsi ya kiume, die ya kike. Nimekwama kwenye das, yaani jinsi ya tatu, "neuter".

Asili ya jina hilo ni Kilatini: ne ni "si", uter ni "ipi kati ya mbili", yaani "si hii wala si ile". Waroma walifuata oudeteron ya wanasarufi wa Kigiriki. Ndiko ilikotoka hata neutroni, chembe ya atomu isiyo na chaji chanya wala hasi.

Nimejaribu "jinsi ya kati", lakini inadokeza mchanganyiko. "Huntha" nimeifuta upesi: katika mirathi ya Kiislamu ni mtu mwenye dalili za kiume na za kike, jambo jingine kabisa. "Jinsi ya vitu" nayo inakwama, maana das Mädchen ni msichana mzima, anapumua!

Je, kuna istilahi iliyozoeleka ambayo mnaitumia darasani? Na nikisema "ngeli ya tatu", si nitawavuruga wanafunzi waliozoea A-WA na KI-VI?