Salmoriglio inatoka chungu na mafuta yanajitenga, nakosea wapi?

jikoni_tena: Jamani wapishi naombeni msaada. Hii salmoriglio, sosi ya Sicily na Calabria kule kusini mwa Italia, ya kumwagia samaki wa kuchoma, nimeijaribu mara mbili na zote nimeharibu. Naweka mafuta ya zeituni, maji ya limau, kitunguu saumu, oregano, pasli na chumvi vyote kwenye blenda nasaga mpaka inakuwa nyeupe kama mayonezi, inapendeza kweli, alafu ukionja chungu kama dawa, na nikigeuka kidogo tu mafuta yako juu limau liko chini. Samaki nae nilimlaza humo masaa matatu akatoka mkavu mpaka anamung'unyuka.

MamaSufuria: Blenda hiyo mwenzangu. Mafuta ya zeituni ya ekstra vejini, yale ya kukamuliwa tu bila kusafishwa, ukiyasaga kwa kasi yanatoa uchungu, piga kwa mkono, uma unatosha kabisa. Mi chumvi naikorogea kwenye limau kwanza iyeyuke maana kwenye mafuta haiyeyuki ng'o, ndo naanza kutiririsha mafuta huku napiga, nusu kikombe hivi kwa limau moja, mwisho maji ya moto vijiko viwili, hapo utaiona inashikana. Wengine wanaweka bakuli juu ya sufuria ya maji ya moto wanapigia hapohapo. Oregano kavu usiidharau, kule wanaifikicha kwa vidole ikiwa bado kwenye vijiti vyake.

pua_upanga: Kujitenga kupo tu, hamna yai humo, we piga tena ukitaka kumwaga. Ila masaa matatu?? Limau limeshampika huyo kabla hajaona moto 😂 Kule Messina, mji wa Sicily, pesce spada (samaki upanga) anachomwa vipande, wanampaka sosi kwa fungu la matawi ya oregano badala ya brashi, na akitoka tu motoni anamwagiwa nyingine angali anafuka. Akipoa hainyonyi vizuri.

jikoni_tena: Kumbe! Na nyama je?

MamaSufuria: Kondoo, kuku, poa tu. Nyama hata ukiilaza kidogo inavumilia kuliko samaki, ila ile ya kumwagia mezani tenga pembeni, usirudishe iliyogusa nyama mbichi.

jikoni_tena: Nimerudi. Nimepiga kwa uma mpaka mkono umekufa ganzi, uchungu hamna. Kitunguu saumu ndo nimezidisha, nanuka mpaka sasa hivi