Wakazi wa Washington, D.C. wakae bila kura Bungeni mpaka lini?

Ndugu zangu, naweka hoja mezani. Juzi nilibishana na rafiki yangu kuhusu Washington, D.C., akanikatiza: "Mji mkuu ni wa taifa zima. Asiyeridhika avuke mto Potomac, ahamie Virginia akapige kura." Jibu hilo bado linanikera.

Sensa ya 2020 ilihesabu watu 689,545 pale. Jimbo la Wyoming lilikuwa na 576,851 na lina maseneta wawili; D.C., ambayo si jimbo, haina hata mmoja. Katika Baraza la Wawakilishi wana mjumbe mmoja. Anachangia, anapeleka miswada, anapiga kura kwenye kamati, lakini muswada ukifika kwenye uamuzi wa mwisho, kura yake haimo. Kodi ya serikali kuu wanalipa kama wengine. Tangu 2000 kilio chao cha kutozwa kodi bila uwakilishi kimeandikwa kwenye namba za magari yao. Hebu fikiria: malalamiko ya mji mzima yako kwenye bati, unayasoma ukiwa umekwama kwenye foleni!

Na kura hiyo walikuwa nayo. Kabla ya sheria ya 1801 iliyoliweka eneo lile chini ya Bunge, wakazi wake walipiga kura katika majimbo jirani ya Maryland na Virginia. Ya urais waliirudishiwa 1961, kwa marekebisho ya 23 ya Katiba. Tangu sheria ya 1973 wanachagua meya na baraza lao, ila Bunge linaweza kufuta sheria wanazotunga, kama lilivyofuta sheria yao mpya ya jinai mwaka 2023.

Wapo wanaotaka warudishwe Maryland, kama mji wa Alexandria, uliokuwa sehemu ya eneo lile, ulivyorudishwa Virginia miaka ya 1840. Hoja hiyo naiheshimu. Lakini wenyewe waliulizwa 2016, na zaidi ya asilimia 80 wakasema wanataka jimbo lao. Muswada wa kuwapa jimbo ulipita Baraza la Wawakilishi 2020 na tena 2021, ukiacha Ikulu na jengo la Bunge chini ya serikali kuu. Ukakwama Seneti.

Tusizungukane: kinachogomba ni kwamba mji ule hukipa kura chama cha Democrats, na maseneta wawili wapya wangebadili hesabu. Sasa haki ya mtu kupiga kura ipimwe kwa kuangalia atampigia nani? Brazil imeipa wilaya ya Brasília, mji wake mkuu, maseneta watatu, sawa na kila jimbo. Mnaopinga, nijibuni hapo kwanza.