Naombeni ushauri: aria ya Bach niipige kwa mwendo upi?

Habari zenu wakuu. Mimi ni mpiga kinanda wa kwaya, nipo Shangani, Mtwara. Huu mwezi wa tatu najifunza aria (kipande kifupi chenye mtindo wa wimbo) inayofungua Goldberg Variations, kazi ya kinanda ya mtunzi Mjerumani Bach, na nimekwama.

Nimesikiliza rekodi mbili za Glenn Gould, yule mpiga piano Mkanada. Ya 1955 inakwenda mbio, kazi nzima dakika 38 hivi. Ya 1981 inafika 51, na ile aria anaivuta taratibu mno, kila noti inaachwa ipumue kabla nyingine haijaguswa. Mtu yuleyule, noti zilezile! Hiyo ya pili ndiyo iliyonishika, kuna usiku nimeisikiliza hadi machozi yakanitoka.

Sasa nikijaribu mwendo ule, wimbo unanikatikia vipandevipande. Kinanda changu hakina pedali ya mguu ya kushikilia sauti, na niguse kwa upole au kwa nguvu, sauti ni ileile. Mwalimu wangu anasema nifuate metronomu tu, kile kifaa cha kupigia mapigo, nisiige mtu.

Je, nianze na mwendo wa kati kwanza? Na mliopitia vinanda vya namna hii, mliwezaje kuunganisha noti kwa vidole pekee? Kama kuna mwenye piano halisi huku Mtwara au Lindi, hata saa moja kwa wiki, naomba sana anishike mkono.