Bolex H16 na filamu za shajara: Jonas Mekas alifanyaje kazi, na alipata wapi riziki?

upepo_wa_kusi:
Habari za jioni wakuu. Nimeazimwa kamera ya filamu ya milimita 16, Bolex H16 Reflex, ile inayoendeshwa kwa springi, pamoja na lenzi tatu. Nataka kutengeneza filamu ya shajara ya mtaa wetu hapa Unguja kwa njia ya Jonas Mekas, yule mtengenezaji filamu wa New York: mtu mmoja, bila muswada, vipande vifupi vifupi. Naomba kuelekezwa mambo matatu. Zile picha zake zinazorukaruka hufanyika ndani ya kamera au kwenye uhariri? Mkanda mmoja unabeba nini, na anayeanza huharibu wapi? Na la mwisho, alikula nini miaka yote ile, maana filamu zake hazikuwa za majumba ya sinema ya biashara?

fremu_kwa_fremu:
Karibu mkuu. La kwanza: ni ndani ya kamera. Kitufe cha pembeni cha Bolex ukikisukuma upande mmoja mkanda unakimbia, upande wa pili kinapiga fremu moja tu. Mekas alichanganya yote mawili: fremu mbili za uso, tano za dirisha, kisha sekunde nzima ya theluji. Ukiona mrukoruko ule, ujue kila kipande kiliamuliwa pale pale kidole kikiwa juu ya kitufe. Mezani baadaye alichagua vipande, akavipanga, akaongeza maandishi na sauti.

Hesabu ya mkanda: spuli ya futi 100 ya milimita 16 ina fremu 4,000. Kwa kasi ya fremu 24 kwa sekunde hiyo ni dakika 2 na sekunde 46. Ukipiga vipande vya fremu sita sita, yaani robo sekunde kila kimoja, unapata zaidi ya vipande 660. Hapo ndipo wengi huteleza: wanapiga fremu moja moja kwa kila kitu, na filamu nzima inakuwa mvurugo ambao jicho haliwezi kushika. Mpe mtazamaji mahali pa kutua. Uso wa mtu unaompenda haukosi kustahili sekunde tatu kamili.

Springi ikijazwa yote inakimbiza mkanda kama sekunde 28 kwa kasi ya 24. Ijaze kila baada ya pigo, usingoje ikate. Swichi ya I na T iache kwenye I. Ikiwa kwenye T shata (pazia linaloruhusu mwanga kufika kwenye mkanda) hubaki wazi muda wote ulioshikilia kitufe na fremu inaungua. Kipima mwanga weka 1/50 ya sekunde.

lenzi_na_kivuli:
Nakubaliana na yote isipokuwa 1/50. Hiyo ni ya kamera ambazo uwazi wa shata yake ni takriban nyuzi 180, yaani nusu duara. Shata ya Bolex Reflex ni nyembamba zaidi, na kwa fremu 24 hufunguka kama 1/65. Halafu mche wa kioo unaopeleka picha kwenye jicho lako unakula mwanga mwingine. Kwa hiyo kipima mwanga kiwekwe 1/80, shata ikiwa imefunguliwa yote. Ukiweka 1/50 unakosa kama theluthi mbili za stopu (stopu moja ni mwanga kuongezeka mara mbili au kupungua nusu). Kwenye mkanda wa rivasali (unaotoa picha ya kuonyesha moja kwa moja, bila negativu) kama Tri-X, vivuli vitakuwa vyeusi tititi, na hakuna namna ya kuvirudisha.

Ukipiga fremu moja moja, shata hukaa wazi muda mrefu kidogo kuliko mkanda unapokimbia. Fremu hizo hutoka zimepauka kiasi. Kama hutaki mpwito huo wa mwanga, funga tundu la lenzi kidogo.

Mambo mengine ya kukagua kabla hujatia mkanda wa fedha nyingi:

Lenzi zilizo chini ya milimita 50 ziwe na alama RX. Zisizo nayo hazitoi picha kali kwenye mashine hii tundu likiwa wazi sana, kwa sababu ya ule mche. Kila lenzi ikazwe hadi mwisho kwenye kinara (sahani ya mbele inayobeba lenzi), na kama huna lenzi ya tatu, tundu lake lizibwe. Mwanga huingia hapo.

Kioo cha kutazamia nacho hupitisha mwanga hadi kwenye mkanda. Kamera ikiwa juu ya miguu mitatu na jicho lako haliko pale, funga kifuniko chake.

Kutia mkanda: fanya kivulini, kata ncha kwa kikatio cha kamera, funga vitengeneza-tanzi (vile vinavyoupinda mkanda uwe na tanzi juu na chini), acha mkanda ujipitishe wenyewe. Kisha fungua vitengeneza-tanzi kabla ya kufunga mlango. Ukisahau, mkanda unakwaruzwa mwanzo hadi mwisho. Kimbiza kidogo mlango ukiwa wazi uone tanzi zote mbili, juu na chini, zimekaa.

Ukitaka picha juu ya picha: rudisha mkanda nyuma kwa mkono shata ikiwa imefungwa, ukifuata kihesabu fremu, na kila tabaka ulipige kwa stopu moja pungufu.

ghala_la_picha:
Nijibu la riziki, maana ndilo watu hulipita haraka.

Mekas alizaliwa Lithuania mwaka 1922, akapitia kambi ya kazi za shuruti na kambi za wakimbizi Ujerumani, akafika New York mwaka 1949. Bolex yake ya kwanza aliinunua kwa fedha za mkopo muda mfupi baada ya kufika, huku akifanya vibarua viwandani Brooklyn. Shajara haikumlisha miaka hiyo. Alichofanya ni kujenga vyombo ambavyo yeye na wenzake wangevihitaji: jarida la Film Culture pamoja na mdogo wake Adolfas, safu ya sinema kwenye gazeti la Village Voice kuanzia 1958, na Film-Makers' Cooperative mwaka 1962. Ushirika huo ulipokea filamu ya mwanachama bila kamati ya kuchuja, na sehemu kubwa ya fedha ya kukodisha ilimrudia mwenye filamu. Mwaka 1970 ikafunguliwa Anthology Film Archives, hifadhi na ukumbi wa filamu, ambayo ipo mpaka leo.

Haikuwa njia laini. Mwaka 1964 alikamatwa kwa kuonyesha filamu ya mwenzake iliyoitwa chafu na polisi. Uzeeni, makumbusho na maonyesho ya sanaa yakamfungulia mlango mwingine: aliuza chapa za fremu zilizotolewa kwenye filamu zake.

Angalia pia muda. *Lost Lost Lost* ilitoka 1976, lakini picha zake zilianza kupigwa 1949. Bila lebo na utunzaji, filamu ile isingekuwapo. Kwa hiyo kila spuli iandikwe tarehe, mahali, aina ya mkanda na lenzi siku ile ile.

upepo_wa_kusi:
Ahsanteni sana. Nimesahihisha 1/80 kwenye daftari. Vipi sauti, na joto la huku kwetu?

ghala_la_picha:
Sauti: springi haiendi kwa kasi thabiti na mashine inanguruma, kwa hiyo usijaribu kuoanisha na midomo. Rekodi mtaa peke yake kwa kinasa sauti, dakika tano au kumi bila kukata: adhana, pikipiki, wauza kahawa wakigonga vikombe. Masimulizi yako yaongeze mwisho, ukishaiona picha.

lenzi_na_kivuli:
Joto: mkanda ambao haujapigwa ukae kwenye friji chini ya nyuzi 13, ndani ya mfuko uliofungwa. Ukiutoa, uache mfuko umefungwa saa mbili tatu, la sivyo unyevu utaganda juu ya mkanda. Ukishapiga, upeleke kusafishwa mapema; picha iliyokwisha kupigwa huharibika haraka zaidi kwa joto. Tafuta maabara na ujue bei ya kusafisha na kuskani kabla ya kununua mkanda wenyewe. Uwanja wa ndege omba ukaguzi wa mkono, kwa sababu mashine mpya za CT, zile za kukagua mizigo kwa eksirei, huacha ukungu kwenye mkanda usiosafishwa. Na ukirudishiwa, usiufungie kwenye kopo la chuma lisilopitisha hewa: ukianza kunuka siki, utenge na mingine siku hiyo hiyo, maana mvuke wake huambukiza.